Mwezi na Nukta Tatu

Mama yangu hakuwahi kupoteza sufuria. Naanza na hilo kwa sababu bila sufuria zake nisingekuwa na la kusimulia kuhusu kompyuta. Katika familia zetu za Waislamu, ambao mababu zao walifika Kampala na biashara kutoka pwani wakasahau kurudi, shughuli haipikwi kwa vyombo vya nyumba moja. Kukiwa na harusi au maulidi au hitima, kila nyumba hutoa sufuria zake, na pilau ikishaliwa zote hurundikwa uani, nyeusi kwa masizi, huijui hii wala ile. Hapo kila mwanamke huzipindua akatafuta alama yake kwenye tako. Alama ya Mama ilikuwa mwezi mchanga, aliougonga mwenyewe kwa msumari na jiwe. Dada yangu mkubwa alipoolewa, Mama alimgongea mwezi uleule na nukta moja chini yake. Dada wa pili akapata mwezi na nukta mbili. Mimi, kitinda mimba, nilikuwa nasubiri nukta tatu, na kwa jinsi nilivyokuwa nikiwajibu wachumba, dada zangu walisema nitazisubiri mpaka nizeeke.

Sikuwa na haraka. Nilikuwa na chumba changu Kabalagala, nyuma ya safu ya mabaa, ambako nilitengeneza kompyuta. Miaka ile mashine kuukuu zilikuwa zikiingia mjini kwa makontena kutoka Ulaya na Dubai, zimechoka, zimepigwapigwa njiani, na watu wakazinunua kama njugu. Wateja waliingia, wakaona mwanamke aliyevaa hijabu ameshika bisibisi, wakauliza fundi yuko wapi. Nilikuwa nawajibu kwamba fundi ametoka, warudi kesho. Waliorudi kesho yake walikuwa tayari kusalimia kwanza.

Nilichokipenda kuliko vyote ni BIOS. Ndani ya kila kompyuta ya wakati ule, kwenye mazabodi, yaani ule ubao mkubwa unaoshika kila kitu, kulikuwa na chipu ndogo, na ndani ya chipu hiyo kulikuwa na BIOS, programu inayoamka kabla ya nyingine zote. Ni kama yule mtu wa nyumbani anayeamka alfajiri kuwasha jiko wenzake wakiwa bado wamelala. Inahesabu kumbukumbu, inatafuta diski, inaonyesha picha ya kiwanda kwenye skrini, kisha inawaachia wengine kazi. Watu wengi walikuwa hawajui kama ipo.

Mimi nilikuwa naifungua. Nilitumia programu ya zamani iliyoenea kwenye disketi moja na nafasi ikabaki. Haikuwa na madirisha wala vitufe, ni skrini nyeusi na herufi nyeupe tu, unaiandikia amri nayo inakujibu kwa mkato kama karani aliyenuna. Unaipa faili la BIOS, inakuonyesha vipande vilivyomo, unatoa kimoja, unatia chako, inafunga. Programu nyingine, nzee vilevile, ndiyo iliyolichoma faili lile kwenye chipu. Matoleo mapya yalikuwa na sura nzuri, lakini kwa mazabodi za umri ule yaliharibu faili, au yalilalamika kwamba nafasi haitoshi. Mafundi wenzangu wa mjini walinicheka kwa kutunza mashine moja kongwe kwa ajili ya zana hizo tu. Waliiita bibi. Niliwaacha wacheke, maana walipokwama walimleta mgonjwa wao kwa bibi.

Kazi hiyo niliisoma kwenye intaneti kafe, katika majukwaa ya watu nisiowajua, wa nchi ambazo sitazifikia, walioeleza hatua kwa hatua bila kudai kitu. Sijui kama wako hai. Huwa nawaombea, na natumaini dua haihitaji anwani.

Kibanda cha pili kutoka changu kilikuwa cha mama mmoja Mkongo, mkimbizi kutoka Bukavu. Alichapa barua za maombi, kadi za harusi na ratiba za mazishi, na alikuwa na kompyuta moja tu. Kompyuta hiyo ilikuwa ndiyo mume, ndiyo shamba, ndiyo ndugu zake wote aliowaacha kule. Watoto wake walikula kile ilichochapa siku hiyo. Alikuwa Mkristo wa kuimba. Kwaya ya Jumapili ilianzia kinywani mwake Jumatatu asubuhi, na kupitia ukuta wa mbao nilijikuta najua nyimbo ambazo sikupaswa kuzijua. Tangu siku ya kwanza aliniita mudogo yangu, ingawa sikuwa nimeomba dada mwingine.

Siku moja wezi walivunja duka la kuchapa lililokuwa mtaa wa juu. Mwenye duka aliiona mashine yake baada ya siku chache, iko mjini inauzwa, akashindwa kuthibitisha kwamba ni yake. Jirani yangu alikuja kwangu hajaimba.

"Mudogo yangu, mutokari ya bantu beko bananamba ku kiyo," aliniambia, akionyesha gari lililoegeshwa nje. Kweli, kila kioo cha gari lile, mpaka vioo vya pembeni, kilikuwa kimechorwa namba yake ili mwizi asikiuze. "Na mashini yangu? Bananamba wapi?"

Nilimwambia tunaweza kuchora kwenye kasha. Akasema kasha linatupwa. Nilimwambia tuandike jina lake ndani ya diski. Akasema diski inafutwa, na tena jina lake hataki lionekane popote, kwa sababu kuna watu kule alikotoka asiotaka walisome. Sikumuuliza zaidi. Nilikaa nikaiangalia ile mashine yake, nikakumbuka picha ya kiwanda inayotokea kabla ya diski kuguswa. Mwizi abadilishe kasha, atoe diski, afanye atakalo, picha hiyo itatokea tu. Nikamwambia nitaitoa nimtilie yake.

"Basi tia maua," akasema. "Ya waridi."

Nikatia waridi. Ile zana ya zamani ilikuwa na masharti yake: picha iwe ndogo, na rangi zisizidi kumi na sita. Waridi lilitoka limekunjamana, linafanana zaidi na kabeji, lakini yeye alilifurahia. Nikaanza kulichoma kwenye chipu. Ule mstari wa kuonyesha kazi inavyokwenda ulikuwa umefika katikati ya skrini umeme ulipokatika.

Kwa asiyeijua kazi hii, niseme tu kwamba hakuna baya zaidi. Chipu iliyochomwa nusu si chipu. Umeme uliporudi nilibonyeza, feni ikazunguka, skrini ikabaki nyeusi. Hakuna mlio. Jirani yangu alinitazama usoni kabla sijasema neno, kisha akakaa chini kwenye sakafu ya saruji, kitenge chake na vyote.

"Hii njo inalisha batoto," alisema taratibu. Hakunilaumu. Ingekuwa afadhali anilaumu.

Mama alitukuta hivyo. Alikuwa na desturi ya kuniletea chakula cha mchana, kwa sababu hakuamini kwamba mtu anaweza kushiba vyakula vya Kabalagala na akabaki Mwislamu. Aliweka bakuli, akatuangalia mmoja mmoja, akauliza nani amefariki. Nikamweleza. Nikamwambia dawa ipo lakini inatisha. Nilikuwa na mazabodi nyingine ya aina ileile, nzima. Mashine ikishaamka huwa imekwisha kuikariri BIOS kwenye kumbukumbu yake, haiihitaji tena chipu. Kwa hiyo unaiwasha kwa chipu nzima, kisha unaing'oa ikiwa inawaka, unapachika ile iliyokufa mahali pake, na ile programu nzee inaichoma upya. Mkono ukitetemeka, ukagusisha chuma pasipostahili, unazika mazabodi ya pili juu ya ya kwanza. Na sikuwa na koleo ya kung'olea chipu kama ile.

"Unataka kitu cha kuivuta kwa juu," Mama alisema.

Akafungua mkoba wake. Mama alikuwa akishona kofia za vito, zile nyeupe zenye vitundu, na uzi wake aliununua kwa kuuvuta kwanza mbele ya mwenye duka, ukikatika anaurudisha. Alinikatia vipande viwili. Niliing'oa chipu nzima mashine ikiwa imezimwa, nikapitisha uzi chini yake huku na huku, nikairudisha kwa kuilegeza. Nikawasha. Skrini ikaleta herufi zake nyeupe. Mama alikuwa anasoma dua kwa midomo, jirani yangu naye anasali kwa Kifaransa, na mimi katikati nikashika ncha za uzi na kuvuta sawasawa. Chipu ikanyanyuka. Nikaweka ile iliyokufa, nikaisukuma kwa kidole gumba, nikaandika amri. Mstari ulikwenda mpaka mwisho.

Ilipowaka tena kwenye mashine yake, ikionyesha picha ya kiwanda kama ilivyotoka kwao, jirani yangu alimkumbatia Mama, si mimi. Mama alikubali kukumbatiwa, jambo ambalo halikuwa kawaida yake, akamwambia ale. Tukala watu watatu bakuli moja.

Mimi nilikuwa nimeapa kwamba alama basi. Lakini Mama, akiwa anakusanya vyombo, aliuliza tulikuwa tunataka kutia nini. Nikamwonyesha waridi.

"Kabeji ya nini?"

"Ni waridi, Mama."

"Waridi la nani? Nani analijua? Siku likipotea utamwita nani aseme nalifahamu hili?" Akamgeukia jirani yangu. "Wewe binti, una watu hapa mjini?"

"Hapana, Mama. Niko na batoto tu."

Mama alifunika bakuli. Kisha akaniambia, kwa sauti ileile aliyotumia kuniagiza chumvi, "Mchoree mwezi. Na nukta tatu."

Nilidhani nimesikia vibaya. "Mama, nukta tatu si zangu?"

"Wewe umeolewa? Huna hata kijiko chako. Siku ukijaliwa utapata nne."

Niseme ukweli, nilikasirika. Nilichora ule mwezi nimevimba. Lakini mwezi na nukta hazikuhitaji hata rangi mbili, na ile zana ya zamani iliupokea bila kununa, kana kwamba ilitengenezwa kwa ajili yake. Safari hii sikuuamini umeme. Asubuhi iliyofuata tuliibeba mashine mpaka kwenye baa iliyokuwa mbele yetu, ambayo ilikuwa na jenereta. Mwenye baa alikuwa anafagia vizibo. Alikubali, akatusogezea kreti za bia tuziweke kama meza. Mama alibaki mlangoni ametupa mgongo, akiwaeleza wapita njia ambao hawakumuuliza kwamba binti yake yuko ndani kikazi. Hivyo mwezi wa sufuria za Mama ulichomwa kwenye chipu ndani ya baa, na hadi leo nikimkumbuka mwenye baa yule namwombea heri pia.

Muda ukapita, na tukasahau. Kisha asubuhi moja nilikuta mlango wa jirani yangu umeng'olewa bawaba. Meza ilikuwepo, printa ilikuwepo, kompyuta haikuwepo. Alikuwa amesimama katikati ya kibanda ameshika waya wa umeme uliobaki. Wiki zilizofuata alifua nguo za watu kwenye magorofa ya Bugolobi, na kwaya ilinyamaza nyuma ya ukuta. Nilichukia ukimya ule kuliko nilivyowahi kuchukia makelele yake.

Halafu mwenyekiti wa LC, yaani serikali ya mtaa, alipita akisema polisi wamekamata stoo imejaa kompyuta. Aliyeibiwa aende kutazama. Tukaenda mimi na yeye. Zilikuwa zimepangwa ukutani, nyingi za aina moja, makasha yamebadilishwa, diski zote zimetolewa. Bwana mmoja aliyevunjiwa stoo yake alikuwa na risiti za mashine za aina ileile, na kwa haki kabisa aliamini zote ni zake. Jirani yangu hakuwa na risiti. Yake aliinunua kwa Mkongo mwenzake aliyekuwa akisafiri.

"Wewe nyabo, risiti yako iko wapi?" aliuliza afande, mtu mzima, mpole. Kiswahili chake kilikuwa kile cha kambini. "Bila risiti mimi nitafanya nini? Rete kitu ya kuonyesha."

Nikamwomba aziwashe tu, moja baada ya nyingine. Akasema hazina diski, zitaonyesha nini? Nikamwambia ndiyo hasa, haihitaji diski. Alicheka, lakini akaleta skrini. Ya kwanza ikaonyesha picha ya kiwanda. Ya pili, ya kiwanda. Tuliendelea hivyo, na kila moja ilipowaka jirani yangu aliminya mkono wangu mpaka pete yangu ikaniumiza. Kisha moja ikawaka, na juu ya skrini nyeusi ukatokea mwezi mchanga mweupe, na chini yake nukta tatu.

Jirani yangu alipiga ukelele. Afande aliinama akautazama.

"Hii ni nini? Ni drowingi tu. Mtu yeyote anaweza kuchora. Nani anajua hii mwezi ni yenu?"

Lilikuwa swali lilelile la Mama. Nikatoka nje, nikampigia simu.

Alikuja mchana na dada zangu wawili, wote wamevaa mabuibui yao mazuri, na kila mmoja amebeba sufuria. Watu waliokuwa kwenye benchi la kituo walisogea. Mama alimsalimia afande, akaipindua sufuria yake juu ya kaunta, tako juu, masizi yakadondoka kwenye karatasi za serikali.

"Banange!" afande alisema. "Nyabo, sufuria inakuja kufanya nini hapa?"

"Soma," Mama alimwambia.

Mwezi. Dada mkubwa akaweka yake pembeni: mwezi na nukta moja. Dada wa pili akaweka yake: mwezi na nukta mbili. Zilikuwa zimekaa mstari mmoja, na mwisho wa mstari ilikuwa ile skrini. Afande alinyoosha kidole akapita nacho juu ya matako ya sufuria mpaka kwenye kioo, akihesabu kimoyomoyo. Yule bwana mwenye risiti naye alisogea, akatazama, akatikisa kichwa. Akasema hiyo si yake.

"Hii bila nukta ni yangu," Mama alieleza. "Moja ni ya mtoto wangu wa kwanza. Mbili ni ya wa pili."

"Na tatu?" Afande alinigeukia mimi. "Ni ya huyu?"

"Huyu hajaolewa, hana chombo."

Kituo kizima kikacheka. Sikujali. Nilikuwa namtazama Mama. Afande alikuwa sasa anamtazama jirani yangu, kitenge chake, msalaba mdogo shingoni mwake, kisha akamtazama Mama na buibui lake.

"Nyabo. Huyu Mukongo ni mtoto wako?"

"Ndiyo," Mama alisema. "Wa tatu."

Jirani yangu aliziba uso kwa mikono miwili. Afande alifuta masizi kwenye kaunta kwa kiganja, akasema, "Kale, haya. Chukueni." Tulirudi Kabalagala kwa gari la kukodi, kompyuta mapajani mwa mwenyewe na sufuria miguuni mwetu. Hatujafika Nsambya, kwaya ilikuwa imeanza.

Mengi yamepita tangu hapo. Siku hizi BIOS za aina ile zimetoweka, chipu zimegandishwa moja kwa moja kwenye mazabodi, na zile disketi zangu hakuna mashine ya kuzisoma ila bibi, ambaye bado ninaye na bado anawaka. Nawashukuru walioziandika zile programu, nadhani bila kujua kwamba kuna mwanamke wa Kampala atazitumia kuandika ukoo. Mimi niliolewa mwishowe. Mama alinigongea sufuria yangu kwa msumari uleule: mwezi na nukta nne. Nikawa mdogo wa jirani yangu kwa ushahidi wa chuma, na yeye alinikumbusha kila alipopata nafasi.

Mama alipofariki, wanawake walijaa nyumbani. Kwetu mabinti wa marehemu huketi kwenye mkeka mmoja kwa kufuatana, wakubwa kwanza, na wanaokuja kutoa pole huwapa mkono mmoja mmoja. Nilichelewa kukaa, nilikuwa jikoni nahangaika na vyombo. Nilipoingia, dada mkubwa alikuwa mahali pake, na wa pili mahali pake. Aliyefuata alikuwa yeye, amejifunika kanga ya Mama kichwani na msalaba wake shingoni, anapokea mikono ya watu. Hakuna aliyeuliza ni nani. Alisogea kidogo kushoto akanipigia mkeka kwa kiganja, pale panapofuata, nikaenda nikakaa.